Chungu Kabla ya Ugali

Ukifuata mwambao wa Ghuba ya Speke ndani ya wilaya ya Magu, hutakuta nyumba iliyoinjika kome. Makombe yao yamezagaa mchangani kila maji yanapopungua: kwa nje yana rangi ya tope, kwa ndani yanang'aa weupe wenye zambarau kwa mbali. Watoto huyaokota wakachezea mapishi, wafuga kuku huyanunua yakishasagwa, na korongo domo-wazi hushinda kwenye maji mafupi akiwatoa kome wazima ndani ya makombe yao kwa ule mdomo ulioachama katikati. Binadamu hawali. Ukimuuliza mama wa huku kwa nini, atakujibu kwa swali: "Kwani hicho nacho ni kitoweo?"

Kilikuwa kitoweo. Kabla ya mtama, kabla ya ng'ombe, kabla ya Msukuma, Mkerewe na Mjaluo kuwa na majina hayo, watu wa ziwa hili walikula kome kwa vizazi vingi hadi makombe yakawa vichuguu. Historia ya jiko la Ziwa Victoria inaanzia kwenye vichuguu hivyo. Sisi tumezoea kuianzia mwaka 1858 alipofika Speke, au kuianzia kwa sangara, na kwa kufanya hivyo tunawanyima haki wapishi wa kwanza wa nchi hii.

Ziwa lenyewe lina umri wa kuyumbayumba. Yapata miaka 15,000 iliyopita lilikuwa limekauka. Mvua ziliporudi likajaa upya, samaki wakaenea, na watu wakasogea kufuata maji. Yapata miaka 8,000 iliyopita baadhi yao walianza kufinyanga vyungu ambavyo wanaakiolojia huviita vya Kansyore, kwa jina la kisiwa kidogo kilichomo ndani ya mto Kagera. Vigae vya namna hiyo vimeokotwa pande nyingi za ziwa: Ghuba ya Winam nchini Kenya, Uganda, na kwetu mkoani Mwanza kwenye pango la mwamba la Nyang'oma, ambalo liliandikwa katika uchunguzi wa akiolojia wa mkoa huu uliochapishwa na Soper na Golden mwaka 1969. Ni vyungu vilivyonakshiwa kwa bidii. Mfinyanzi alichukua ncha ya kijiti au kitu chenye meno, akauchomachoma uso wa udongo mbichi mstari juu ya mstari, hadi pakabaki sehemu ndogo tu iliyo tupu.

Linalostaajabisha ni kwamba wafinyanzi hao hawakulima wala hawakufuga. Tumefundishwa kwamba mahali pengi duniani chungu hufuata shamba: mtu anapata nafaka, anahitaji chombo cha kuipikia, anafinyanga. Hapa mambo yalikwenda kinyume. Mwanamke wa Kansyore alikuwa na chungu na hakuwa na unga wa kukitilia. Ugali, ambao leo hakuna Msukuma anayeweza kuuwazia mwanzo wake, ulikikuta chungu kimeshakaa jikoni kwa maelfu ya miaka.

Sasa kilipika nini? Jibu liko kwenye majaa. Kando ya Ghuba ya Winam, mahali kama Luanda, Pundo na White Rock Point, wachimbaji walikuta tabaka nene za makombe ya ziwani yaliyochanganyika na majivu, mifupa ya samaki, mifupa ya wanyama wa porini na vigae vyenye nakshi za Kansyore. Peter Robertshaw na wenzake walichapisha maelezo ya majaa hayo mwaka 1983. Jaa la namna hiyo halirundikani kwa karamu ya siku moja. Watu walirudi mahali palepale, msimu kwa msimu, wakala na kutupa makombe nyuma yao. Watoto wao wakarudi, wakakalia juu ya makombe ya wazazi wao.

Mtafiti Mary Prendergast, aliyeichambua mifupa ya samaki wa enzi hiyo, amependekeza kwamba maisha yao yalifuata majira. Wakati wa kiangazi walikaa kando ya ziwa, maji yaliposhuka na kome wakafikika kwa mkono. Mvua zilipofika walihamia mitoni, kwenye maporomoko, kuwavizia samaki wanaopanda kwenda kutaga. Mtu wa Magu anaweza kuielewa hesabu hiyo bila kitabu. Mto Simiyu unaingia ziwani hapa hapa, na wazee wanaokumbuka samaki aitwaye ningu wanajua kwamba mvua kubwa za kwanza zilikuwa ndizo zinazowapandisha mtoni. Kitu ambacho mtu wa leo amekisahau ni ule upande wa pili wa mwaka, miezi ya kiangazi, ambapo samaki wanakuwa mbali kilindini na mvuvi asiye na wavu mrefu anabaki kutazama maji. Miezi hiyo kome walikuwa akiba isiyokimbia.

Tuwatazame wanavyopikwa, maana upishi wa kome ni rahisi kuliko upishi wa kitu kingine chochote cha majini. Kome ana makombe mawili yaliyoungana upande wa mgongo, na ndani yake msuli wenye nguvu unaoyavuta yafungane. Ukimtia mvukeni, msuli unalegea, makombe yanaachama yenyewe. Maji aliyokuwa ameyafumbata yanamwagika chini na kuwa mchuzi. Kwa hiyo mpishi hahitaji kujaza chungu. Anatia maji kidogo ya kulowesha kitako, anawatandika kome juu, anafunika, moto mkali wa muda mfupi. Wakishaachama wote wameiva, na ukizidisha nyama inakuwa ngumu. Asiyeachama anatupwa, kwa sababu huenda alikuwa ameshakufa kabla ya kuinjikwa. Kabla ya hapo huwa wanalazwa kwenye maji safi ili watapike mchanga. Anayekosa chungu huwaweka pembeni ya makaa, mdomo ukitazama juu, na matokeo ni yaleyale ila mchuzi unapotelea motoni. Mimi naamini hapo ndipo chungu kilipojipatia thamani yake kwa watu wasio na unga: kilihifadhi mchuzi. Bibi aliyepoteza meno na mtoto aliyeachishwa ziwa wasingeweza kutafuna nyama ya kome wa maji baridi, ambayo ni ngumu na ina harufu ya tope, lakini wangeweza kunywa maji yake.

Hatuna jina la hata mmoja wa wapishi hao wa kale. Tunaweza tu kutazama pwani, ambako kazi hiyo haijakoma. Unguja na Pemba wanawake hushuka ufukweni wakati wa bamvua, bahari inapotoka mbali, wakaokota chaza na kombe kwa ndoo na vikapu hadi maji yanaporudi. Ziwa letu halina bamvua wala maji mafu. Kome wa hapa hutafutwa kwa miguu: mtu anaingia hadi magotini, anapapasa mchanga kwa nyayo mpaka akanyage kitu kigumu, anainama. Wapo pia wengine, wa jamii ya chaza wa mto Nile, wanaoganda kwenye miamba na hawatoki bila kubanduliwa. Mikono ya wanawake na watoto ndiyo inayofanya kazi hiyo mahali pengi duniani, na sioni kwa nini Ghuba ya Speke ingekuwa tofauti.

Basi kwa nini waliacha? Ng'ombe na mbuzi walifika, na baada yao, miaka elfu mbili na zaidi kidogo iliyopita, wakafika wakulima wenye vyuma na vyungu vya namna nyingine. Nafaka inawekwa ghalani, kome hawekeki. Nyama ya kome ina nguvu kidogo ukilinganisha na jasho la kumtafuta, na familia yenye mtama shambani haina siku ya kupapasa mchanga. Sidhani kwamba kuna siku mtu alisimama akatangaza mwiko. Nadhani mabinti waliacha kufundishwa. Mama anapokuwa na maziwa, karanga na mboga za majani, hampeleki binti yake majini kutafuta kitoweo cha njaa, na baada ya vizazi viwili au vitatu kitu kisichofundishwa kinakuwa kitu kisicholiwa, halafu kinakuwa kitu cha kuchefua. Miiko ya dini ilikuja baadaye sana. Waadventista Wasabato, ambao ni wengi pande hizi za Mwanza na Mara, hufuata Mambo ya Walawi 11, na kwa sheria hiyo kila cha majini kisicho na mapezi na magamba ni najisi: kambale, na kome vilevile. Lakini walipofika, mwanzoni mwa karne ya 20, kome walikuwa wameshasahaulika jikoni zamani.

Kombe lenyewe halikupoteza heshima. Ila lile lililoheshimiwa lilitoka mbali. Misafara ya Wanyamwezi na Wasukuma iliyoteremka pwani katika karne ya 19 ikiwa na pembe za ndovu ilirudi na kauri, shanga na vile visahani vyeupe vinavyokatwa kwenye kitako cha kombe la baharini, vibangwa, ambavyo vilivaliwa na watemi kama alama ya utawala. Mtu alitembea miezi kwenda na kurudi ili kombe la Bahari ya Hindi likae kifuani mwa mtemi, huku makombe ya ziwa yakikanyagwa na ng'ombe wanaokwenda kunywa maji.

Wageni wa kwanza kutoka Ulaya walipita hapa wakiwa na macho ya ramani. Speke aliliona ziwa Agosti 1858 kutoka upande wa Mwanza. Stanley alifika Kageyi, kwenye mwambao huu huu, Februari 1875 na mashua yake Lady Alice iliyobebwa vipande vipande kutoka pwani, akaiunga na kulizunguka ziwa. Ghuba akaipa jina la Speke. Katika chungu cha mwambao hapakubadilika kitu kwa sababu yao.

Kilichobadilisha kilikuja kimefungwa kama mzigo wa nyuzi. Mwaka 1905 nyavu za makila za Kizungu zilitumika kwa mara ya kwanza upande wa Kenya, Ghuba ya Winam, zikaenea. Kabla ya hapo wavuvi walitumia mitego ya miti na matete, ndoano na nyavu za nyuzi za mimea, zana ambazo zilichukua kinachotosha kijiji na ziada kidogo ya kubadilishana. Reli ilipofika Mwanza mwaka 1928 samaki akapata njia ya kuondoka. Mwaka 1927 na 1928 Michael Graham alilichunguza ziwa kwa niaba ya serikali za kikoloni, na ripoti yake ya mwaka 1929 tayari ilikuwa na wasiwasi juu ya ngege, perege wa asili aliyekuwa mtamu kuliko wote na aliyetafutwa kuliko wote. Katika ripoti hiyohiyo Graham alionya kwamba kuleta samaki mkubwa mla wenzake kutoka maji mengine ni hatari kubwa. Onyo hilo lilikaa kwenye kabati.

Nyumbani Magu, katika miongo iliyofuata, samaki wa kila siku alikuwa furu. Ziwa lilikuwa na aina zaidi ya 500 za furu, wengi hawazidi urefu wa kiganja, na mpishi hakuwatenganisha: aliwatia wote pamoja. Furu alichemshwa kwa maji machache na chumvi, chungu kikafunikwa, akaiva kwa mvuke wake mwenyewe hadi mifupa inalegea. Waliobaki walitungwa au kutandazwa juani wakakauka, wakapelekwa ndani, mbali na ziwa, kubadilishwa na mtama na viazi. Wakati wa njaa ya mwisho wa kiangazi, chakula kilikuwa michembe, viazi vitamu vilivyokatwa vipande na kuanikwa, na furu mkavu aliyerudishiwa maji kwa rojo la karanga. Ningu alikuwa wa sikukuu, ana mayai mengi na mafuta, na kwa sababu alivuliwa akiwa anapanda mto kutaga, nyavu zilizofunga midomo ya mito zilimmaliza mapema. Kufikia miaka ya 1960 alikuwa amekwisha kuwa adimu.

Hapa anaingia mtu ambaye jina lake halijulikani Magu na lilistahili kujulikana. Geoffrey Fryer alikuwa mwanasayansi Mwingereza kwenye kituo cha Jinja cha utafiti wa uvuvi wa maji baridi cha Afrika Mashariki. Katika kazi aliyoichapisha mwaka 1961 alieleza maisha ya kome mmoja wa ziwa hili, yule ambaye wanasayansi humwita Mutela bourguignati. Aligundua kwamba mtoto wa kome huyo hawezi kukua peke yake. Lazima ajishike kwenye mwili wa samaki, na samaki aliyemkuta Fryer amebebeshwa mzigo huo ni kuyu. Mtoto wa kome anatoa mirija midogo inayopenya kwenye nyama ya samaki, ananyonya humo, na baadaye anajiachilia akiwa kome mdogo anayeweza kujitegemea mchangani. Kuyu hupanda mito. Kwa hiyo kome anayeonekana kama jiwe lisilokwenda popote husafiri utotoni mwake akiwa amebebwa na samaki, na samaki akipungua, kome naye anakosa mlezi.

Mwaka mmoja kabla ya kazi hiyo, 1960, Fryer huyohuyo aliandika kupinga mpango wa kuleta sangara. Mtu aliyekuwa ameona jinsi kome anavyomtegemea kuyu alielewa kwamba ziwa haliwezi kuongezewa mnyama mmoja bila wengine kuguswa. Hakusikilizwa. Inakubalika sasa kwamba sangara walikuwa wameshatiwa ziwani mwaka 1954 upande wa Uganda, na wengine wakaongezwa waziwazi mwaka 1962 na 1963. Sato wa mto Nile naye aliingizwa miaka ya 1950, akamsukuma ngege pembeni. Hoja ya waliomleta sangara ilikuwa kwamba furu ni takataka, mifupa mitupu, na ni afadhali wageuzwe kuwa nyama ya samaki mkubwa. Nikiifikiria hoja hiyo huwa nakasirika. Furu alikuwa takataka kwa nani? Kwa mama wa Kahangara, hapa Magu, alikuwa chakula cha jioni.

Dharau ileile ilijenga kiwanda. Mwaka 1976 kilifunguliwa Mwanza kiwanda cha kusaga furu, wakavuliwa kwa meli za kukokota nyavu na kugeuzwa unga wa kulishia mifugo. Mwaka uliofuata wakafika watafiti wa Chuo Kikuu cha Leiden, Uholanzi, kuhesabu na kuzieleza aina za furu za Ghuba ya Mwanza. Mmoja wao, Tijs Goldschmidt, baadaye aliandika kitabu kizima juu ya kilichowapata. Walikuwa wamekuja kuandika uhai wakajikuta wanaandika msiba. Kufikia katikati ya miaka ya 1980 nyavu zao zilikuwa zinapanda na sangara watupu. Aina nyingi sana za furu zilitoweka bila kupewa hata jina.

Na wapishi? Walikutana na samaki mwenye uzito wa mtoto, mwingine wa mtu mzima. Wengi hawakumpenda. Ana mafuta mengi, na mafuta hayo yaliharibu kanuni ya zamani: furu hukauka kwa jua, sangara huoza kwa jua. Ilibidi akaangwe kwa mafuta yake au afukizwe kwa moshi, na moshi unataka kuni, na kuni zikakatwa. Chungu cha maji machache hakikumfaa; alihitaji sufuria pana na kisu kikubwa. Wanawake wa mwambao walijifunza upya kazi waliyokuwa wanaijua, wakafaulu, na kwa miaka michache sangara alikuwa kitoweo chao halisi: mwingi, wa bei ndogo, mwenye nyama nene ambayo mtoto anaila bila kuogopa mwiba.

Kisha vikaja viwanda. Kuanzia mwanzo wa miaka ya 1990 Mwanza ilijaa viwanda vya minofu, minofu ikapanda ndege kwenda Ulaya, na kilichorudi kwetu kikawa mapanki: kichwa, mgongo na mkia vilivyokwanguliwa nyama, vikakaangwa na kuuzwa. Filamu ya Hubert Sauper ya mwaka 2004, Darwin's Nightmare, iliwaonyesha walimwengu mapanki hayo na ikaamsha ghadhabu kubwa nchini, hadi kwa Rais Kikwete mwenyewe. Watu walibishana kama mwenye filamu alisema kweli au alitutukana. Mimi nilichotaka kusikia katika ubishi ule, na sikukisikia, ni sauti ya mwenye sufuria. Mapanki yalikuwa na mchuzi mzuri. Aliyeyanunua alijua kuyapika. Alichonyimwa ni nafasi ya kuchagua kati ya mgongo na mnofu, kwa sababu bei ya mnofu ilikuwa imeshapangwa na mnunuzi aliye Ulaya. Na wanunuzi hao walipofunga mlango kwa vipindi kati ya 1997 na 2000, kwa sababu za bakteria, kipindupindu na sumu iliyotumiwa kuvulia, mwambao ulitikisika.

Kuna wakati mmoja ambapo chungu cha ziwa kilinyamaza kwa uamuzi wa wenye chungu wenyewe. Tarehe 21 Mei 1996 meli ya MV Bukoba ilizama karibu na Mwanza, ikaua mamia ya watu. Kwa muda baada ya hapo watu wengi, wakiwawaza waliokufa majini, hawakuweza kumtia samaki mdomoni.

Leo kinachoshikilia nyumba za mwambao ni dagaa. Huvuliwa usiku wa giza kwa taa, zamani karabai na sasa taa za sola na betri, huanikwa mchangani au juu ya vichanja, na kwa uzito ndiye anayeongoza samaki wote wanaotoka ziwani. Nusu ya miaka yangu ya kula nimelishwa naye na ninamheshimu. Mama wa Magu anayejua kazi huwachambua vichwa, huwaosha kwa maji ya moto mara moja kutoa mchanga, halafu anawatia kwenye sufuria na nyanya, kitunguu, ndimu na maji ya kulowesha tu. Anafunika. Hagusi kijiko mpaka mvuke umefanya kazi, kwa sababu dagaa aliyekorogwa huvunjika na mchuzi huwa mchungu. Karanga zilizotwangwa huingia mwisho. Akipata sato mbichi humpika vilevile, mzima, kwa maji yasiyofika nusu ya samaki.

Makombe, nayo, yanasagwa yakachanganywa na pumba, mashudu na dagaa wa daraja la chini, yakawa chakula cha kuku wa mayai, kwa sababu gamba la yai linataka chokaa. Furu alikwenda huko kwanza, mwaka 1976. Sasa makombe na dagaa wanakwenda pamoja. Sina ugomvi na kuku. Nyumba nyingi za Magu zinasomesha watoto kwa mayai. Lakini gunia la dagaa linaloingia kinuni likiwa zima, huku kijiji kilicholivua kina watoto waliodumaa, linaniuma kwa namna ileile inavyoniuma ile hoja kwamba furu ni takataka.

Je, mtu wa leo anaweza kuwarudisha kome jikoni? Nimeulizwa, na jibu langu ni la tahadhari. Kome hula kwa kuchuja maji. Chochote kilichomo majini kinakaa ndani yake, na maji ya karibu na miji yetu yanapokea vyoo, viwanda na sumu za mashamba ya pamba. Mvuke wa dakika tano unaotosha kumwachamisha hautoshi kumsafisha. Kuna pia kichocho, ambacho kituo cha Mwanza cha Taasisi ya Taifa ya Utafiti wa Magonjwa ya Binadamu kimekifanyia kazi kwa miaka mingi: anayesimama magotini kwenye maji mafupi yenye majani anasimama mahali konokono wabebao ugonjwa wanapoishi. Tena konokono wamepunguziwa maadui: miongoni mwa furu waliotoweka walikuwamo wenye meno ya kooni ya kuwasagia. Anayetaka kuonja upishi huu bila hatari angoje safari ya pwani, aagize kome au chaza wa maji safi ya chumvi, walioko hai na waliofunga midomo, awalaze, awaoshe, awafunike na maji kidogo na kitunguu saumu, asile asiyeachama.

Kwa upande wa ziwa, kazi iliyopo ni ya dagaa na sato. Miaka ya karibuni serikali imekopesha vizimba vya kufugia sato kwenye maji ya Mwanza, na samaki wa vizimba wanaonekana sokoni, wengi wao wakielekea mahotelini na mijini kwenye watu wenye uwezo. Chakula cha samaki hao kwa sehemu kinatokana na dagaa. Kwa hiyo pale mwaloni, asubuhi, mashua zinaposhusha mzigo wa usiku, kuna wanunuzi wengi wanaogombea ndoo moja: wa Kongo, wa kiwanda cha chakula cha kuku, wa vizimba, na mama mwenye kisado chake anayetaka cha kupika leo. Mama huyo hununua mapema, kabla dagaa hawajaanikwa, maana wakishakauka na kutiwa kwenye magunia bei inakuwa ya wasafirishaji.